Sindano Alipovuta Kigoda

Jumamosi, mwezi wa saba. Baridi kavu. Upepo wa asubuhi umekata masikio, na vumbi jekundu limeingia hadi ndani ya kabati la vyombo. Mchana jua limejitokeza kidogo, nami nimehamishia kiti uani, mgongo kwenye ukuta uliokwisha kupata joto. Moyo umetulia.

Nitaandika kwa mpangilio, maana jambo la jana lina mwanzo wake, na mwanzo wake ni mimi.

Nilikuwa muuguzi kwa miaka mingi katika zahanati moja ya mji huu, iliyohudumia wafanyakazi wa migodi na familia zao. Sasa nimestaafu. Tangu mwaka jana kikundi cha maigizo cha mtaa wetu kinaonyesha mchezo kwenye televisheni kila Ijumaa jioni, kabla ya taarifa ya habari. Mchezo wenyewe unahusu zahanati ndogo, wagonjwa wake, na muuguzi mmoja mkorofi anayeitwa Sindano. Kiongozi wa kikundi ni Ramazani, fundi cherehani, mtu wa Maniema, ambaye hata akikasirika huongea kana kwamba anapima kitambaa. Yeye ndiye aliyeniomba niwe mshauri wao. Kazi yangu ni kuwaonyesha jinsi sindano inavyochemshwa, joto la mgonjwa linavyopimwa, mtoto aliyeishiwa maji anavyoshikwa. Wananiita Muzee, na wananisikiliza.

Anayecheza Sindano ni Mutombo, karani wa reli, mwenye miaka kama arobaini, ambaye wazazi wake walikuja hapa kutoka Kasai. Sauti yake inajaza chumba bila yeye kuipandisha. Akina mama wote wanaoleta watoto kwenye zahanati ile huchezwa na mtu mmoja tu, Mama Feza, muuza samaki wa sokoni. Anabadilisha kitambaa cha kichwa, basi ameshakuwa mtu mwingine.

Ni lazima nieleze pia namna wanavyofanya kazi, maana bila hilo ya jana hayaeleweki. Hakuna maneno yaliyoandikwa. Ramazani analeta hadithi, kama vile mgonjwa amefika, Sindano amelewa, mkubwa anakuja kukagua. Wanajaribu mara mbili tatu katika ua wake baada ya sala ya alasiri, na kila mchezaji anajitafutia maneno yake. Wana sheria moja wasiyoivunja: hakuna anayeruhusiwa kumwambia mwenzake aseme nini. Kila mtu ni mwenye mtu wake. Mbele ya kamera unaweza kumshtua mwenzako kwa neno asilolitegemea, na yeye atajibu kwa alicho nacho. Matangazo yanakwenda hewani papo hapo. Neno likishatoka, limetoka.

Mimi niliyezoea daftari za zahanati, mwanzoni niliona ni fujo. Baadaye nikaelewa kwamba ndiyo sababu watu wanaupenda mchezo ule. Wanasikia watu wakiongea.

Sasa Sindano. Sindano anasinzia kazini. Sindano anapokea kuku kutoka kwa mgonjwa na kumwuliza kama kuku mwenyewe amechanjwa. Lakini hasa Sindano ana sentensi yake. Kila mama anayefika na mtoto mgonjwa, kabla hajaketi, kabla hajafungua kitenge, Sindano anamtazama kutoka kichwani hadi miguuni, kisha anasema: "Siku tatu yote ile, ulikuwa wapi?"

Mji mzima umeichukua sentensi hiyo. Ukichelewa kwenye kilabu ya pombe, wenzako wanakupokea nayo. Basi likichelewa, abiria wanamwimbia dereva. Nimeisikia hata kanisani, mlangoni, ikinong'onwa kwa mwanakwaya.

Sentensi hiyo ni yangu.

Mwaka jana, siku za mwanzo, Mutombo aliniuliza muuguzi mkali hugomba vipi. Nikasimama, nikashika kiuno, nikaitoa sentensi hiyo bila hata kufikiri, kwa sauti yake ile ile ya zamani. Uani kwa Ramazani walicheka hadi Mama Feza akajifuta macho. Nami nilicheka. Sikuwaambia nimeitoa wapi. Walidhani ni ufundi wa mzee.

Miezi yote hii, kila Ijumaa, nimekuwa nikiketi pembeni mwa studio nikitazama watu wakinicheka bila kujua wanamcheka nani. Nakiri kwamba mwanzoni ilinifurahisha. Baadaye ilianza kunichoma.

Jumatano iliyopita Ramazani alitupokea uso ukiwa mzito. Mama Feza hakuwepo, kwa kuwa gari la samaki la Kasenga lilikuwa limefika siku hiyo, na siku ya gari haachi kibanda chake kwa sababu yoyote. Tulikuwa watatu tu, Ramazani, Mutombo na mimi. Ramazani akasema mkubwa wa vipindi amemwita. Mkubwa yule anaona Sindano amecheza na taifa vya kutosha. Mfanyakazi mbaya lazima aonekane akiadhibiwa, ili raia wajifunze. Ijumaa hii Sindano afukuzwe kazi, na wiki inayofuata aje muuguzi mpya, mwaminifu, mwenye nidhamu.

Mutombo alichukua kipande cha kitambaa kilichoanguka chini ya cherehani, akawa anakichambua uzi mmoja mmoja. Nilimwonea huruma. Mchana kutwa anaandika namba za mabehewa, na ni Ijumaa tu ndipo anapokuwa mtu ambaye mji unamngoja.

Lakini sikusema kwa ajili yake, na hili nalikiri. Nilisema kwa ajili yangu. Niliona kwamba wakimfukuza Sindano, ndivyo hadithi itakavyobaki: mtu wa namna ile dawa yake ni kufukuzwa tu. Mimi sikufukuzwa. Mimi nilibadilika. Kama katika mchezo ule haiwezekani, basi labda hata kwangu haikuwezekana, nimejidanganya tu kwa miaka yote hii.

Nikawaambia Sindano asifukuzwe. Abadilike.

Ramazani alinitazama juu ya miwani yake. Akasema yeye hana neno, hata mkubwa akikasirika atajua la kumwambia, lakini anataka sababu. Watu majumbani si wajinga. Mtu aliyewafokea kwa mwaka mzima hawezi kuamka Ijumaa akiwa malaika. Nimpe sababu ambayo mama mwenye mtoto mgongoni ataiamini, la sivyo Sindano anaondoka.

Mutombo akaacha uzi wake. Yeye aliiona njia moja tu. Mtoto afe. Mama amechelewa, Sindano amemfokea, mtoto anafia mikononi mwake, Sindano analia, kuanzia hapo ni mtu mwingine. "Bila mutoto kufa, Muzee, bantu batasema Sindano anadanganya tu."

Nilimjibu kwamba nimeona watoto wengi wakifa, na nimeona wauguzi wengi wakilia. Wanalia kweli. Kesho yake wanafoka tena, pengine zaidi, kwa sababu uchungu unatafuta mtu wa kubebeshwa, na aliye karibu ni mama anayefuata katika mstari. Kifo hakimfundishi muuguzi adabu. Kinamchosha.

Basi ni nini kinachomfundisha, akauliza Ramazani.

Nikaanza kuwasimulia. Na hapa nilifanya jambo la aibu. Nikasema, nilikuwa na rafiki, muuguzi mwenzangu.

Rafiki huyo, nikawaambia, alikuwa na kauli yake, na kila asubuhi aliwapiga nayo akina mama. Hakuwa mtu mbaya. Alijua kazi yake. Alikasirika kwa sababu watoto waliletwa wakiwa wamechelewa, na hasira hiyo aliiona kuwa ni upendo. Kwa miaka mingi aliuliza swali lile, na hakuna mama hata mmoja aliyejibu. Waliinamisha vichwa. Yeye naye hakungoja jibu. Alikuwa ameshaanza kuandika.

Siku moja akafika mama kutoka upande wa Kasomeno. Mtoto wake wa kiume, umri wa miaka miwili hivi, alikuwa anapumua haraka, mbavu zikiingia ndani. Yule muuguzi akamwuliza swali lake. Na mama yule akajibu.

Hakujibu kwa hasira. Alijibu kama mtu aliyeulizwa. Akasema siku ya kwanza joto lilipoanza alimkanda mtoto kwa maji, na alipoona halishuki akambeba mgongoni hadi Kasomeno kungoja gari, na gari halikupita. Siku ya pili likapita lori la wachuuzi, wakampandisha juu ya magunia, gurudumu likachomoka kabla hawajafika mbali, nao wakashinda pale barabarani. Hapo ndipo kikohozi kilipoanza, akasema, kwa sababu ya vumbi, au labda si vumbi. Siku ya tatu aliingia mjini, akauliza njia, akafika zahanati. Mlinzi akamwambia hapa ni kwa wenye kadi ya kazi.

 Mama akamaliza hivi: "Jana saa nane nilikuwa pale inje ya ukuta. Nilikuona na dirisha. Ulikuwa unakunywa chai."

Asubuhi ile mwanamke mwenye kadi alikuwa amemhurumia, akamwambia mlinzi mtoto ni wa dada yake. Ndivyo alivyopita.

Nikawaeleza kwamba muuguzi yule hakulia. Hakuomba hata msamaha. Alivuta kigoda, akaketi mbele ya mama, akamwuliza tena, safari hii kwa sauti ya kawaida: kikohozi kilianza siku ya pili asubuhi au jioni? Mama akamjibu. Na kila alilojibu lilikuwa na maana. Pale ndipo muuguzi alipokumbuka kwamba shuleni walifundishwa hivyo tangu mwaka wa kwanza, kwamba nusu ya ugonjwa utaijua kwa kumsikiliza aliyekaa na mgonjwa. Swali lake lilikuwa swali zuri, la kidaktari kabisa. Miaka yote hiyo aliligeuza fimbo, na majibu yote akayatupa.

Mtoto alipona. Hilo nililisisitiza. Hakuna aliyekufa.

Mutombo alikunja uso. "Muzee, mais, muntu anabadirika juu ya chai?"

Ramazani hakucheka. Alikuwa ametoa miwani, anaifuta kwa ncha ya kanzu, bila haraka. Kisha akaniuliza kwa upole: "Na ule rafiki yako, eko wapi sasa?"

Ningeweza kusema amekufa. Ningeweza kusema alirudi kwao. Katika mtaa huu mimi ni mtu wa kusalimiwa kwanza. Nimewafundisha vijana kazi, nimewasomea watu barua, ninapopita wanasimama. Nilijua kwamba nikishasema, Mutombo hataniangalia tena kwa macho yale yale, na kwamba neno likishatoka katika ua ule, linaweza kufika hadi sokoni. Nilijua pia kwamba bila hilo, Sindano anafukuzwa Ijumaa, kwa sababu hadithi ya rafiki wa mtu hailingani na sababu aliyoitaka Ramazani.

"Eko hapa," nikasema. "Njo miye."

 Mutombo akapumua kwa nguvu. "Kumbe miezi yote ile niko navaa koti yako."

Alisema bila ubaya, lakini ilinigonga. Baadaye akaanza kuniuliza maswali, na hayakuwa maswali ya kumwuliza mzee. Nilikuwa nawachagua wa kuwafokea? Nilimfokea pia mke wa mkubwa wa mgodi? Nikamjibu ukweli: hapana, mke wa mkubwa nilimpa kiti. Mutombo akatikisa kichwa taratibu, akasema sasa anaanza kumjua Sindano.

Ramazani akakata shauri kwamba Sindano hafukuzwi. Mama Feza akaambiwa kesho yake neno moja tu: alete mtoto mgonjwa, kama kawaida. Mengine angeyaona huko huko.

Jana jioni nilikuwa pembeni mwa studio, mahali pangu. Mkubwa wa vipindi alisimama karibu na mlango, abakosti yake, suti ya Serikali isiyo na tai, imenyooshwa vizuri, mikono kifuani. Alikuja kuona kufukuzwa.

Mchezo ulianza kama kawaida. Sindano alisinzia, akaamka, akagombana na ndoo. Mafundi wa kamera walicheka. Mama Feza akaingia, kitambaa cha kichwa cha manjano, furushi la nguo mgongoni ndilo mtoto. Sindano akamtazama kutoka kichwani hadi miguuni. Kila mtu alijua kinachokuja, na walishaanza kucheka kabla hakijaja.

"Siku tatu yote ile, ulikuwa wapi?"

Wakacheka. Mama Feza, kama kila wiki, akainamisha kichwa kungoja tusi linalofuata.

Halikuja.

Mutombo alivuta kigoda. Akaketi. Alivyoketi, kichwa chake kilikuwa chini ya kichwa cha mama. Akamtazama, akangoja. Sikuwahi kujua kwamba kimya kina urefu namna ile. Fundi mmoja alikuwa bado anacheka, akajisikia peke yake, akaacha. Mama Feza aliinua macho, akamtafuta Ramazani upande wa pazia, na Ramazani hakumpa ishara yoyote. Sheria ni sheria. Nilimwona mkubwa wa vipindi akiangalia saa.

Ndipo Mama Feza akaanza kujibu. Na hakujibu kama yule mama wa Kasomeno, maana hakuwahi kumsikia. Alijibu vyake. Siku ya kwanza, akasema, samaki walikuwa wamefika, na samaki hawangoji, na kama hawajauzwa siku ile hakuna bukari, yaani ugali, nyumbani, basi alimweka mtoto chini ya meza, kwenye kivuli, akawa anauza mkono mmoja, mkono mwingine uko kwenye paji la uso wa mtoto. Siku ya pili akataka kuja, lakini mtoto si wake peke yake, ana watu wa upande wa baba, na ukimpeleka hospitali bila wao, likitokea lolote wewe ndiye uliyemuua. Basi alikwenda kuwatafuta. Mmoja hayupo, mwingine anasema tungoje mkubwa wa ukoo. Siku ya tatu mkubwa akaja, akala, akapumzika, akasema mpeleke.

Alikuwa hachezi tena, au alikuwa anacheza kuliko siku zote, sijui. Nilikuwa na miaka mingi ya kazi kichwani, na lile la siku ya pili sikuwahi kulifikiria hata mara moja.

Halafu akafanya jambo ambalo hakuna aliyelitarajia. Alilifungua furushi, akaliweka magotini, akainua uso, akamwuliza Sindano:

"Na weye? Siku tatu yote ile, ulikuwa wapi?"

Nilimwona Mutombo akifungua mdomo. Hakuwa na neno lililoandaliwa. Mimi sikumpa, na nisingeweza kumpa, kwa sababu swali hilo mimi mwenyewe sikuwahi kuulizwa. Yule mama wa Kasomeno aliishia kwenye chai.

"Nilikuwa hapa, mama," akasema. "Nilikuwa paka hapa, hapa tu."

Akainama, akaweka sikio lake kwenye lile furushi, akabaki hivyo, anasikiliza nguo kana kwamba zina mapafu. Fundi alikuwa amekwisha kuonyesha vidole kwamba muda umepita. Ramazani akasogea mbele ya fundi huyo, akasimama tu pale, bila kumgusa, mwili mzima ukiwa pazia. Taarifa ya habari ilichelewa kidogo jana. Nadhani ni kwa sababu yetu.

 

Leo ni siku ya salongo, kazi ya lazima ya mtaa, kwa hiyo asubuhi sote tulikuwa barabarani na majembe na mifagio, tunazibua mtaro. Hakuna mahali pazuri pa kusikia maoni ya watu kuliko hapo, maana mikono inafanya kazi ya Serikali na midomo inafanya yake. Mabishano yalikuwa makali. Wengine walisema Sindano ameharibiwa. Jirani yangu wa kushoto aliuliza kama Sindano sasa amekuwa padri, na kama Ijumaa ijayo tutaleta sadaka. Walicheka sana. Mwingine akasema mwanamke yule alikuwa mkali mno, infirmier, muuguzi, haulizwi. Wanawake wawili wakamrukia kwa pamoja, na mtaro ukabaki bila watu wa kuzibua kwa muda.

Kulikuwa na mama mmoja kijana, simjui jina, amehamia juzi. Yeye hakubishana. Alinisogelea na ufagio wake, kwa kuwa amesikia nilikuwa muuguzi, akaniuliza polepole: "Muzee, kumbe tunaweza kumujibu?"

Nikamwambia ndiyo. Nikamwambia amweleze muuguzi joto lilianza lini, mtoto amekula nini, kikohozi kilifuata au kilitangulia. Nilieleza kwa kirefu, kama ilivyo tabia yangu, na yeye alisikiliza hadi mwisho. Nilifurahi.

Nyumbani, wakati wa bukari, mke wangu hakuwa amesema chochote kuhusu jana. Alikuwa ametazama kwa jirani mwenye televisheni, pamoja na nusu ya mtaa. Nikaona nimwambie mwenyewe kabla hajaambiwa na wengine. Nikaanza, kwamba yule Sindano, sentensi ile, mwaka jana, uani kwa Ramazani. Aliniwekea kipande kingine cha samaki.

"Ule wa zamani namujua," akasema. "Njo alinioa."

Ikawa basi. Nilikuwa nimejiandaa kwa mazungumzo marefu. Kumbe kuna mtu ambaye hakuhitaji mchezo wa mwaka mzima ili kujua.

Saa tisa Ramazani alipita, kanzu safi, anatoka kwa mkubwa wa vipindi. Nilimwona tangu njia panda nikajaribu kusoma uso wake, nikashindwa, kama siku zote. Aliketi, akanywa maji, akamwulizia mke wangu hali, kisha ndipo akasema. Sindano anabaki. Mkubwa hakufurahi, alisema tumenyamaza sana, na kwamba kunyamaza kunaharibu umeme wa Serikali. Lakini nyumbani kwake mwenyewe mama yake mzazi alikuwa ametazama, na asubuhi alimwita akamweka chini, na mkubwa hakusema ameambiwa nini. Basi tuendelee.

Nilidhani hapo amemaliza. Hakuwa amemaliza. Mutombo ana wasiwasi, akasema. Anauliza mtu mzuri atafanya nini jukwaani kila Ijumaa. Mbaya ana kazi, mzuri anakaa tu. Ramazani amemjibu kwamba sasa ndipo kazi inapoanza, kwa sababu Sindano amebadilika lakini mstari wa wagonjwa haujui. Wataendelea kumwogopa. Atauliza vizuri, na wao watainamisha vichwa. Itamchukua muda mrefu hadi mmoja amwamini. Nikamwambia fundi cherehani kama yeye hana haja ya mshauri, ameyajua hayo bila kuvaa koti jeupe hata siku moja. Akatabasamu.

Alichotaka kwangu ni kingine. "Tuletee bagonjwa, Muzee. Bale ba kweli."

Anataka watu niliowauliza na sikuwangoja. Kila Ijumaa mmoja, amwingie Sindano, na apewe nafasi ya kujibu. Si kwa majina, akasema. Mama Feza na wengine watajitafutia maneno. Mimi nilete tu mtu, alivyosimama, alivyobeba, nilichomwambia.

Tangu alipoondoka nimekuwa na karatasi hii. Nilidhani itakuwa vigumu, kwa kuwa miaka imepita na walikuwa wengi. Si vigumu. Mzee aliyeshika kofia yake kwa mikono miwili. Msichana aliyembeba mdogo wake kwa mbele, kama mtu anayebeba kuni. Mwanamke aliyecheka kila nilipomfokea, hadi nikamfukuza, na sasa nadhani kile hakikuwa kicheko. Nawaona mmoja mmoja. Ninachokosa ni kile kile nilichokosa wakati ule. Sijui walitoka wapi asubuhi ile.

Nimefikia saba, na wote hawa sitawaona tena. Mama wa Kasomeno mwenyewe sikumwuliza hata jina.

Lakini wa nane yupo. Jua lilipoanza kuondoka ukutani ndipo nilipomkumbuka, nikaweka kalamu chini. Ni Mama Mwape, muuza makaa, anakaa mtaa wa tatu kutoka hapa. Kila asubuhi nikipita anapiga goti kidogo kunisalimu, nami naitikia na kuendelea. Alikuja zahanati kwa kadi ya mumewe, na binti yake mwenye surua, wakati wa mvua, miguu ina tope jekundu hadi magotini. Nilimsema kwa kuchelewa, kisha nikamsema kwa kuchafua sakafu. Binti alipona, ameolewa huko Kasumbalesa. Mama Mwape hajawahi kulitaja jambo lile, na mimi nilidhani ni kwa sababu alilisahau.

Sijui kama atataka kuongea. Ana haki ya kukataa. Sijui hata nitaanzaje, mimi ambaye nimewafundisha wengine kuanza.

Kesho baada ya misa nitapita kwake. Nitamwomba kigoda. Nitamwuliza tope lile lilitoka wapi, na jibu liwe refu kadiri litakavyokuwa, sitasimama kabla hajalimaliza.